Kufunga Duka la Mtu kwa Moto

Ninyi mnaotoka chuo cha ufundi na vyeti vyenu mnajua kutengeneza geti lenye maua, grili za madirisha na ngazi za kuzunguka. Vizuri. Lakini kuna kazi moja hamkufundishwa, nayo itawafuata tu mkifungua karakana hapa Korogwe, au Handeni, au pale Segera njia panda. Ni kazi ya kufunga duka la mtu kwa moto. Atakuja mwenye nyumba, atakuvuta pembeni kama anakwenda kukuposa, aseme, "Fundi, beba mashine, kuna mpangaji ananisumbua." Siku hiyo ndiyo nataka mnikumbuke.

Mimi ni Fundi Hoza. Nilishuka kutoka milimani Usambara nikiwa kijana, nikachomelea vyuma mpaka macho yakanikatalia. Sasa nakaa nyumbani, mke wangu ananiwekea dawa ya macho asubuhi na jioni na kunikumbusha kwamba miwani ilikuwepo nikaikataa. Ni kweli ilikuwepo. Vaeni miwani.

Zamani mwenye nyumba akigombana na mpangaji, alikuwa anatundika kufuli lake juu ya kufuli la mpangaji. Mpangaji naye ananunua msumeno, anakata, anafungua duka na kuuza chumvi kama kawaida. Mwenye nyumba analeta kufuli kubwa zaidi. Waliofaidika ni wauza makufuli. Mashine za kuchomelea zilipoenea, wenye nyumba wakagundua kwamba fundi akiuchomelea mlango, pointi mbili juu na mbili chini, mpangaji hana la kufanya ila kukaa barazani na kupiga simu. Hapo ndipo sisi mafundi tulipoingizwa katika ugomvi usiotuhusu, na tuliingia kwa sababu tuna watoto wanaokula.

Aliyenifundisha kazi ni Fundi Mhando, Mzigua wa Handeni, mtu mkali asiyecheka mpaka msibani. Yeye alikuwa na sheria, na mafundi wote wa upande huu waliifuata bila karatasi: aliyechomelea mlango ndiye anayeukata, mwingine asiuguse. Nilimuuliza kwa nini. Akanijibu, "We Hoza, ukikata moto wa mwenzio halafu vitu vikapotea mle ndani, mwizi atakuwa nani?" Fundi aliyefunga ndiye shahidi. Anasimama mbele ya watu, anaangalia mshono wake na kusema huu ni mkono wangu, haujaguswa. Na mkono wa fundi unajulikana. Mimi mpaka leo, hata kwa macho haya mabovu, naweza kupita barabarani nikakuambia geti hili kachomelea nani, na kama siku ile alikuwa amekula.

Fundi Mhando alinifundisha pia mambo ya kufanya kabla ya kuwasha mashine. Mwite mwenyekiti wa mtaa, aje yeye mwenyewe, usikubali kuambiwa kwamba "ana habari". Gonga mlango na uite. Uliza humo ndani kuna biashara gani. Mita za umeme zilipoanza kuwekwa nje ukutani, mimi nikaongeza la kwangu: angalia taa ndogo nyekundu ya mita. Ikipepesa haraka, humo ndani kuna kitu kinakula umeme, na kitu kinachokula umeme mtu hakukiacha bure.

Fundi mmoja pale Segera alifunga bucha bila kuuliza. Mwenye nyumba alimwambia ni duka tu, afunge. Mle ndani kulikuwa na nyama ya ng'ombe mzima. Sasa mwenye nyumba mwenyewe alikuwa anakaa uani, nyuma ya bucha hilohilo, na dirisha lake la chumbani linaangalia huko. Alivumilia, kisha watoto wake wakahamia kwa bibi yao, kisha mkewe akafuata. Akampigia simu muuza nyama aje wayamalize. Muuza nyama akamjibu, "Mzee, si ulisema nyumba ni yako? Basi na harufu ni yako." Tulicheka sana wakati ule. Nawahadithia ili mcheke na ninyi, kwa sababu linalofuata halichekeshi.

Mama Shani alikuwa na fremu, yaani chumba cha duka, karibu na stendi ya Korogwe. Alikuwa anauza pumba, mashudu na dawa za kuku, na katika chumba cha nyuma aliweka mashine ya kutotolesha vifaranga. Wanawake wa mtaani walimpelekea mayai ya kuku wao, yeye anayatia kwenye mashine, vifaranga wakitoka kila mtu anachukua wake na kumwachia fungu lake. Alikuwa mjane mnene, mpole, mwenye sauti ndogo kuliko mwili wake. Mlango wa fremu ile niliutengeneza mimi, chuma alinunua mumewe alipokuwa hai.

Kiwanja kilikuwa cha Mzee Sempombe, mtu wa Kwedizinga. Alikuwa na ardhi nzuri ya barabarani lakini hana uwezo wa kujenga. Akawaambia mume na mke wale wajenge kwa gharama yao, wakae bila kulipa pango mpaka gharama yao irudi, kisha fremu iwe yake na wao waanze kulipa kama wapangaji wengine. Mtindo huu mnaujua, kwetu unaitwa jenga ukae, na nusu ya maduka ya mji huu yalijengwa hivyo. Nilikuwepo siku ile nikipima upana wa mlango. Mume wa Mama Shani aliuliza, "Sasa mzee, tuseme miaka mingapi?" Mzee Sempombe akacheka, akampiga begani. "Jengeni kwanza. Tutaelewana."

Wallahi, neno hilo limeua maduka mengi kuliko moto. Mimi Mkristo, lakini kwa hili naapa kwa kila kiapo. Kwetu kumwambia mwenzio tuandikishane ni kama kumwambia humwamini, kwa hiyo tunasema tutaelewana na kunywa chai. Na kweli wale walielewana. Mzee akija mjini alifikia kwa Mama Shani, akapewa kiti na maji ya kunywa, akaondoka na kuku. Mume alipofariki, Mzee Sempombe ndiye aliyesimamia kaburi. Ugomvi haukuwepo kabisa kati yao. Ulikuwa unasubiri mmoja wao afe.

Akafa mzee. Walimzika kwao Kwedizinga, na wapangaji wake wote wa pale stendi walifunga maduka wakaenda kuzika, kama inavyopasa. Mama Shani alichukua sufuria zake kubwa, zile za shughuli, akazipakia kwenye gari pamoja na wenzake. Kwenda na sufuria msibani si jambo dogo. Ni kusema mimi si mgeni, nitakaa jikoni. Alikusudia kubaki mpaka hitma. Mashine aliijaza maji, akaangalia joto, akahesabu kwamba siku atakayorudi ndiyo siku ya vifaranga kuanza kutoka. Umeme alinunua wa kutosha.

Mtoto mkubwa wa marehemu, Idrisa, alitoka Dar akafika msibani akiwa hajui lolote la pale stendi. Sitaki kumfanya shetani. Alikuwa amefiwa na baba, na ndugu fulani akamnong'oneza kwamba ile fremu ya pumba haijawahi kulipa pango tangu ijengwe, na yule mama atahamisha vitu ukoo ukiwa bado unalia. Idrisa akaona alinde mali ya baba yake mpaka ukoo ukae kikao. Akampigia simu Fundi Rama. Baba yake alikuwa hajaoshwa bado.

Rama ni fundi mzuri, nilifanya naye kazi miaka mingi kabla hajafungua karakana yake. Alipouliza kuhusu mwenyekiti wa mtaa aliambiwa ana habari. Mwenyekiti alikuwa Kwedizinga, anachimba kaburi. Majirani wote wa fremu walikuwa hukohuko, kwa hiyo hapakuwa na mtu hata mmoja barazani wa kusema ngoja kwanza. Rama akawasha jenereta, akafunga.

Na taa ya mita aliiona. Hapa ndipo moyo wangu unapouma kila nikikumbuka. Aliona inapepesa, akadhani yule mama amesahau feni. Akaona huruma, mama wa watu kafungiwa duka, na umeme wake nao uishe bure? Akazima swichi ya nje. Kisha akapanda basi kwenda Handeni, alikokuwa na kazi ya kuezeka ghala.

Mama Shani alirudi baada ya hitma, mapema kidogo kuliko wenzake, kwa ajili ya mayai. Sufuria aliziacha Kwedizinga kwa kuwa wageni walikuwa bado wanakula. Aliponipigia simu sikuitambua sauti. "Mzee Hoza, shikamoo. Mlango wako umechomelewa. Njoo ukate."

Nilimkuta ameshawasha swichi. Mashine ilikuwa inaunguruma mle ndani. Nilipoinama kuangalia mshono nikajua papo hapo kuwa ni mkono wa Rama. Nikamwambia sheria yetu, kwamba nitampigia aje afungue mwenyewe. Hakubishana. Alinishika kichwa, mimi mtu mzima, akakilaza sikio kwenye chuma.

"Sikiliza."

Walikuwa wanalia. Siyo wengi, sauti za hapa na pale.

"Walipoa," akasema. "Wameanza kutoka kwenye baridi. Sasa moto umerudi lakini maji yatakuwa yamekauka, na pasipo maji gamba la ndani linakauka, kifaranga anagandia humohumo. Anatoboa na hatoki. Nikiingia sasa hivi nitawasaidia wengine kwa mkono."

Sheria ya Fundi Mhando niliiheshimu maisha yangu yote, na siku ile niliiweka kando. Nilichomeka grinda, mashine ya kukatia chuma, kwa fundi cherehani wa jirani, ambaye naye alikuwa ametoka kushuka kwenye gari la msiba. Haijagusa chuma, ikanyamaza. Mwenyekiti wa mtaa, aliyerudi na gari hilohilo, alikuwa amesimama nyuma yangu na waya mkononi.

"Mzee Hoza, usiniletee kesi," akasema. "Ukikata wewe, kesho watasema humo kulikuwa na mali ya marehemu. Nitakutetea kwa lipi?"

"Mwenyekiti, ni vifaranga."

"Najua. Mpigie Idrisa. Akisema ndiyo, kata."

Tulimpigia Idrisa, simu ikiwa na sauti kubwa ili wote wasikie. Alipokea kwa upole. Mama Shani akamweleza neno kwa neno, kwa sauti yake ile ndogo. Idrisa akajibu, "Mama yangu, mimi niko msibani. Naomba mniheshimu. Mambo ya biashara tutazungumza matanga yakianuliwa." Akakata. Tulipopiga tena alikuwa amezima simu.

Ndivyo ilivyokuwa. Msiba uliruhusu kufunga, haukuruhusu kufungua. Na mtu aliyekuwa akimwita mama yangu alikuwa anashiba kutoka kwenye sufuria za mama huyohuyo.

Nikampigia Rama. Aliposikia neno mayai hakungoja nimalize. Akasema, "Swichi, mzee. Mimi ndiye niliyezima swichi." Alichukua bodaboda kutoka Handeni, na kutoka Handeni mpaka Korogwe si kwenda sokoni.

Wakati tunamsubiri, wenye mayai walianza kufika. Habari kwetu haihitaji simu. Mmoja baada ya mwingine waliweka masikio mlangoni kama nilivyofanya mimi. Mwanzoni walikuwa wanaambizana, unasikia, unasikia? Baadaye waliacha kuambizana. Mama Shani alikaa kwenye ngazi, mgongo ameuegemeza mlangoni. Nilimwambia ahame pale asisikie. Akasema, "Nikihama watakuwa peke yao." Mtu atasema ni kuku tu. Na aseme.

Rama alifika na vumbi mpaka kwenye kope. Mwenyekiti akaanza kumpa maneno yaleyale ya kesi. Rama hata hakumwangalia. "Mwenyekiti, nilipofunga hukuwepo. Nikifungua pia usiwepo." Mwenyekiti akavuka barabara kwenda kunywa chai, na mpaka kesho hiyo ndiyo hekima yake pekee ninayoikumbuka.

Rama alikata. Mlango ukafunguka, na joto la chumba kile likatupiga usoni pamoja na harufu yake.

Sitawaeleza yote. Kulikuwa na trei za mayai yaliyotoboka, na kwenye kila tundu mdomo mdogo umekauka. Wengine walikuwa wametoka nusu. Waliokuwa hai walitosha kwenye boksi la sabuni. Mama Shani aliwatoa waliogandia mmoja mmoja, kwa kidole alicholowesha mate, na wengi wao walifia kiganjani. Rama alisimama nje na grinda yake, hakuweza kuingia. Alirudia neno moja tu, "Nilidhani feni. Mzee, nilidhani feni."

Na wale wanawake, je, mnadhani walimlaumu nani? Idrisa alikuwa mbali, na amefiwa. Walimgeukia Mama Shani. Mayai walimkabidhi yeye, na yeye ndiye aliyeondoka akaenda kupika msibani. Mmoja alisema hivyo kabisa, mbele yangu, kwamba aliambiwa na nani akapike. Nilitaka kumjibu, Mama Shani akanikataza kwa mkono.

Ukoo ulipokaa, niliitwa kama shahidi, kwa kuwa mume wa Mama Shani na Mzee Sempombe wote wako chini ya ardhi. Nikasema nilichosikia. Wazee wakaniuliza, marehemu alisema wakae miaka mingapi? Nikajibu kwa ukweli kwamba alisema jengeni kwanza, tutaelewana. Idrisa akafungua mikono, akasema, "Basi mimi na huyu mama hatujaelewana." Watu wakacheka kidogo. Mama Shani akapewa muda wa kutoa vitu vyake.

Siku ya kuhama nilikwenda na mashine kuung'oa mlango. Kwetu aliyejenga akifukuzwa hawezi kubeba matofali, lakini mlango huondoka nao, hata wenye nyumba wabishi wanalijua hilo. Idrisa alikuwepo na wapimaji wake wa kiwanja. Hakuzuia. Mama Shani aliuangalia ule mlango, makovu ya moto wa Rama juu na chini, akasema, "Mwachieni. Mimi nataka sufuria zangu tu."

Idrisa akauliza, "Sufuria gani?"

"Zile kubwa zilizoko kwenu Kwedizinga. Nilikuja nazo siku ya kumzika baba yako."

Nilimwangalia Idrisa usoni. Alikuwa amekula kwenye zile sufuria matanga yote na hakujua ni za nani. Akasema atazituma.

Kwa hiyo vijana wangu, mkiitwa kufunga duka, gongeni, ulizeni, tazameni mita, msiguse swichi ya mtu hata kwa huruma. Mkiweza kukataa, kataeni. Rama hakufunga tena mlango wa mtu maisha yake yote, na wenye nyumba wakamwacha, na njaa aliiona. Nanyi mkijenga kwenye kiwanja cha mtu, anayewaambia tutaelewana mwambieni tuelewane leo, mbele ya mwenyekiti, wakati wote tuko hai na tunacheka. Akinuna, anune.

Mama Shani alihamia Segera, kwenye kibanda cha mbao, akawa anauza pumba kwa kopo. Nilikwenda kumfungia bawaba, bure, na sitaki mnisifu kwa hilo. Nikiwa katikati ya kazi bodaboda akasimama na zile sufuria zimefungwa kwa mpira. Zilikuwa zimesuguliwa zinang'aa. Mnajua kwetu chombo cha mtu hakirudishwi kitupu. Hata kama huna kitu unatia unga kiganja kimoja, au limau, au chumvi, ili aliyekupa ajue mmeachana kwa wema.

Mama Shani alimshukuru bodaboda, akaziteremsha. Akafunua mfuniko wa kwanza, akatazama ndani. Akafunua wa pili. Akaingiza mkono mpaka chini, kama labda kuna kitu kidogo ambacho macho hayakukiona. Siku ya vifaranga hakulia, na siku ya kuhama hakulia. Alikaa chini kwenye vumbi la Segera, sufuria mapajani, akalia kwa sauti ambayo sikujua kama anayo. Nilizima mashine, nikakaa karibu naye mpaka alipomaliza.